Hakuna Idadi ya Saini Itakayomrudisha Mbunge Nyumbani

"Wakili, tunahitaji saini ngapi?"

Swali hilo huulizwa kwenye korido za mahakama ya Thika, stejini Ruiru, hata matangani. Wanaouliza si wajinga. Ni walimu, wenye maduka, vijana wa chuo, akina mama wa chama. Wamekwisha kuchapisha fomu, wamegawana nani atazunguka Kamenu na nani Gitothua, na kilichobaki ni tarakimu tu. Wakitajiwa 10,000 watazitafuta, wakitajiwa 50,000 wataongeza watu wa kuzunguka. Wanataka mbunge arudi nyumbani kabla ya muhula kwisha, na wanaamini saini zikitosha atarudi.

Nalijibu tena, kwa maandishi, kwa sababu kulijibu kwa mdomo hakujasaidia. Hakuna idadi. Sisemi kwamba ni kubwa mno, wala kwamba mtazuiwa kuzikusanya. Nasema kwamba hakuna utaratibu wa kisheria unaofanya kazi ambao saini hizo zingeingia na kumtoa mbunge. Mkikusanya saini za kila mpiga kura wa Thika Town, kuanzia Township hadi Ngoliba, mkazifunga kwa kamba na kuzipeleka kwa tume ya uchaguzi, IEBC, jijini Nairobi, tume haitakuwa na sheria ya kuzifanyia kazi.

Imani hii ina asili yake, na asili hiyo ni nusu ya kifungu kimoja cha Katiba. Kifungu cha 104 kinasema wapiga kura wana haki ya kumwondoa mbunge wao kabla muhula wake haujakwisha. Wengi husoma hapo wakafunga kitabu. Sehemu ya pili ya kifungu hichohicho inalipa Bunge kazi ya kutunga sheria itakayoeleza sababu za kumwondoa na utaratibu wa kufuata. Haki imetangazwa, lakini namna ya kuitumia ikaachiwa sheria ya kawaida.

Sheria hiyo iliwahi kuwepo. Sheria ya Uchaguzi ya mwaka 2011, kuanzia kifungu cha 45 hadi cha 48, iliweka utaratibu mzima. Kisha Katiba Institute na shirika jingine wakaenda Mahakama Kuu, na mwaka 2017 mahakama ikabatilisha masharti makuu ya vifungu hivyo. Miongoni mwa yaliyoangushwa ni lile lililomkataza mtu aliyegombea kiti akashindwa kuanzisha ombi la kumwondoa aliyeshinda. Ilionekana kwamba sheria ilibagua, na kwamba iliweka vizingiti vilivyoiacha haki bila maana.

Hapa ndipo wengi wanapokosea hesabu. Waliposikia vizingiti vimebatilishwa walidhani njia sasa ni nyeupe. Kumbe mahakama ilipoiangusha sheria mbaya, utaratibu wenyewe ulianguka nao. Ilibaki kwa Bunge kutunga mwingine. Maandamano ya mwaka 2024 dhidi ya Mswada wa Fedha yalipofufua kilio cha kuwarudisha wabunge, na watu wakaanza kwenda kwa tume, IEBC yenyewe ilitoa ufafanuzi mwaka 2025: kwa mwakilishi wadi, Sheria ya Serikali za Kaunti bado ina utaratibu wake, kwa mbunge na seneta, sheria haipo. Maelezo hayo yalichapishwa na kutangazwa. Mwezi uliofuata swali liliulizwa tena.

Tangu Katiba ilipozinduliwa tarehe 27 Agosti 2010, hakuna mbunge hata mmoja wa Kenya aliyepoteza kiti kwa saini za wapiga kura.

Nikifika hapo huwa nasikia jibu moja: basi tutumie sheria ya zamani. Sawa, tuichukue kana kwamba iko hai, tuone ingewafikisha wapi.

Kwanza, sheria ile haikuruhusu ombi kabla ya miezi 24 tangu uchaguzi, wala katika miezi 12 ya mwisho kabla ya uchaguzi mkuu unaofuata. Kwa wabunge waliochaguliwa tarehe 9 Agosti 2022, nafasi ingefunguka Agosti 2024 na kufungwa Agosti 2026, kwa kuwa uchaguzi ujao ni tarehe 10 Agosti 2027. Na ombi lingeruhusiwa mara moja tu katika muhula mzima.

Pili, saini za asilimia 30 ya wapiga kura wote walioandikishwa katika eneo bunge. Kwa kila wapiga kura 100,000 ni saini 30,000, na kila saini na jina kamili, anwani, nambari ya kitambulisho na nambari ya mpiga kura. Juu ya hapo, angalau asilimia 15 itoke katika zaidi ya nusu ya wadi. Thika Town ina wadi tano, kwa hiyo tatu. Ruiru ina wadi nane, kwa hiyo tano. Kujaza fomu Kahawa Wendani na Kahawa Sukari peke yake, kwa sababu huko ndiko hasira iliko, kusingetosha hata kama kila mtu angetia saini.

Tatu, na hili ndilo linaloniudhi kuliko yote kwa jinsi linavyopuuzwa: sababu. Sheria ile haikumruhusu mpiga kura kumwondoa mbunge kwa kutopendezwa naye. Ilitaka mbunge awe amekiuka masharti ya uongozi na maadili ya Sura ya Sita, au ametumia vibaya rasilmali za umma, au amepatikana na hatia ya kosa la uchaguzi. Tena ilitaka Mahakama Kuu iwe imekwisha kuthibitisha sababu hiyo kabla ya ombi kuanza. Yaani kesi kwanza, saini baadaye.

Sasa angalieni sababu zinazoandikwa kwenye fomu zinazozunguka mitaani. Taka hazizolewi na dampo la Kang'oki linanuka: hiyo ni kazi ya kaunti. Dawa hazipatikani Thika Level 5: kaunti. Maji yamekatika Ruiru wiki nzima: kampuni ya maji, na kampuni hiyo iko chini ya kaunti. Matuta ya Thika Road: mamlaka ya barabara kuu za kitaifa, KeNHA. Mbunge hana hata askari mmoja wa kumtuma kwenye mojawapo ya hayo. Kazi alizopewa na Katiba ni kuwakilisha, kutunga sheria, kupitisha bajeti na kuisimamia serikali kuu. Mkimshtaki kwa taka, mnamwachia gavana na mwakilishi wadi walale usingizi, naye mbunge anapata utetezi rahisi kuliko wote: kazi hiyo si yangu. Na safari hii atakuwa anasema kweli.

Kuna sababu moja nzito kidogo: alipiga kura ya ndiyo tarehe 25 Juni 2024, siku Mswada wa Fedha ulipopita kwa kura 195 dhidi ya 106. Hasira ya siku ile naielewa, na damu iliyomwagika nje ya Bunge haisahauliki. Lakini kura ya mbunge ndani ya Bunge haikuwa mojawapo ya sababu za kumwondoa hata chini ya sheria ile ya zamani. Kura mbaya huadhibiwa kwa kura.

Nne, mngevuka yote hayo, mngeandaliwa kura ya kumwondoa, na ili apoteze kiti wangehitajika wanaokubali kuondolewa kwake kufikia angalau nusu ya wapiga kura wote walioandikishwa. Wote walioandikishwa, wala si nusu ya waliofika kituoni. Asiyetoka nyumbani siku hiyo amempigia mbunge.

Jibu jingine ninalopewa ni la kaunti yetu ya Kiambu hasa: "Gavana tulimng'oa, mbunge atatushindaje?" Hapana. Ferdinand Waititu, aliyekuwa gavana wa Kiambu, hakung'olewa na wananchi. Alishtakiwa na wawakilishi wadi katika Bunge la Kaunti mnamo Desemba 2019, na Seneti ikamwondoa tarehe 29 Januari 2020. Hakuna saini ya mwananchi iliyohesabiwa. Utaratibu huo umewekewa gavana, naibu wake, rais na naibu wa rais. Kwa mbunge hakuna chombo kinacholingana na Seneti kinachoketi na kumhukumu kwa niaba yenu.

Wengine huleta Kifungu cha 1: mamlaka yote ni ya wananchi. Ni kweli, na ni kifungu kitukufu. Lakini kifungu hichohicho kinasema mamlaka hayo yatatumiwa kwa kufuata Katiba. Kukitaja mbele ya afisa wa tume hakuzai sheria ambayo Bunge halijaitunga.

Wala msidhani ni Kenya tu iliyoona ugumu huu. Katiba ya Uganda ya mwaka 1995 iliwapa wapiga kura haki ya kumwondoa mbunge, ikataka saini za theluthi mbili ya walioandikishwa, kisha ikasema haki hiyo itakuwepo wakati wa mfumo wa Movement pekee, yaani siasa zisizo za vyama. Vyama vingi viliporudi, haki ikabaki karatasini. Uingereza ilitunga sheria yake mwaka 2015, na huko saini za asilimia 10 tu zinatosha. Hata hivyo wapiga kura hawawezi kuanza wenyewe. Sharti kwanza mbunge awe amefungwa jela, au amesimamishwa na Bunge kwa siku kadhaa, au amepatikana na hatia ya kudanganya kuhusu marupurupu yake. Huko nako mlango hufunguliwa na hukumu ya chombo fulani, wala haufunguliwi na hasira ya watu.

Na fomu hizi si karatasi zisizodhuru. Nambari ya kitambulisho, simu na saini kwenye mstari mmoja ni mali, na anayezikusanya huwa hamumjui vizuri. Juni 2021, Msajili wa Vyama vya Kisiasa alipowawezesha Wakenya kuangalia uanachama wao mtandaoni, maelfu walikuta wameandikishwa katika vyama ambavyo hawakuwahi hata kuvisikia. Orodha za aina hiihii zinaweza kutumiwa vivyo hivyo. Mtu anayekusanya saini 8,000 Gatongora leo ana orodha tayari ya wanachama kesho. Muulizeni orodha itahifadhiwa wapi na nani. Akibabaika, rudisheni kalamu.

Nimekaa sana kwenye lisilowezekana kwa sababu ndilo linalowala watu muda, nauli na matumaini. Sasa yaliyokwisha kuwezekana. Na hapa Thika, Ruiru na Juja, zamani zote tatu zikiwa eneo bunge moja la Juja, mna kumbukumbu bora kuliko sehemu nyingi za Kenya, kwa maana kiti hiki kimebadilisha mikono kwa karibu kila njia inayotambuliwa na sheria.

Kimebadilishwa kwa debe. Stephen Ndicho aliingia Bungeni mwaka 1992 kwa tiketi ya Ford-Asili. Mwaka 2002, wimbi la NARC lilipokuwa likiwabeba wagombea kote nchini, watu wa Juja walimchagua William Kabogo kupitia Sisi kwa Sisi, chama kidogo ambacho wengi hawakukitarajia. Baada ya Juja kugawanywa, Thika Town ilimchagua Alice Ng'ang'a mwaka 2013, mwaka 2017 ikampa kiti Patrick Wainaina, maarufu kama Wa Jungle, aliyekuwa mgombea huru, na mwaka 2022 ikamrudisha Ng'ang'a. Ruiru ilianza na Esther Gathogo mwaka 2013, ikamweka Simon King'ara mwaka 2017 na kumwongezea muhula mwaka 2022. Hao ni wapiga kura wanaojua kubadilisha na wanaojua kubakiza. Hawahitaji kufundishwa nguvu yao.

Kimebadilishwa kwa mahakama. George Thuo wa PNU alitangazwa mshindi wa Juja mwaka 2007 na akawa Kiranja Mkuu wa Serikali. Kabogo alipinga matokeo, na mwaka 2010 Mahakama Kuu ikaufuta uchaguzi ule. Tarehe 20 Septemba 2010, siku moja na chaguzi ndogo za Makadara na Starehe, Kabogo akakitwaa kiti kwa tiketi ya Narc-Kenya. Kesi ile ilikula zaidi ya miaka miwili ya muhula. Chini ya Katiba ya sasa Mahakama Kuu ina miezi sita tu kuamua kesi ya uchaguzi. Hayo ni mabadiliko makubwa kwa mpiga kura, na karibu hakuna anayeyataja.

Kimebadilishwa kwa kifo. Francis Waititu, aliyejulikana kama Wakapee, mbunge wa Juja mpya tangu 2013, alifariki Februari 2021. Spika hutakiwa kuijulisha IEBC ndani ya siku 21 kiti kikiwa wazi, na uchaguzi mdogo kufanyika ndani ya siku 90. Juja ilipiga kura tarehe 18 Mei 2021. George Koimburi wa PEP alimshinda mgombea wa Jubilee, chama kilichokuwa madarakani. Sheria ilipokuwa imeandikwa wazi, kila kitu kilikwenda kwa tarehe.

Zimebaki njia nyingine katika Kifungu cha 103, nazo zinahitaji ushahidi kuliko umati. Mbunge hupoteza kiti akikosa vikao vinane katika kipindi kimoja cha Bunge bila ruhusa ya maandishi ya Spika na bila maelezo ya kuridhisha. Hukipoteza akijiuzulu, au akikihama chama kilichompeleka Bungeni. Ndiyo maana mnawaona wabunge wakihubiria chama kipya majukwaani huku kadi ya zamani ikibaki mfukoni. Aliyeingia kama mgombea huru hukipoteza akijiunga na chama. Hukipoteza akiondolewa chini ya sheria ya maadili, akifilisika kisheria au akifungwa miezi sita au zaidi, lakini kwa ufilisi na kifungo ni lazima rufaa zote ziwe zimekwisha kwanza. Na swali lolote la kama mtu bado ni mbunge huamuliwa na Mahakama Kuu.

Mnataka cha kufanya? Haya, kwa haraka.

Someni Hansard. Iko wazi kwenye tovuti ya Bunge: nani alisema nini, nani alipiga kura gani. Shirika la Mzalendo nalo hupima wabunge wanavyochangia mijadala.

Chukueni ripoti ya Mkaguzi Mkuu wa Hesabu kuhusu NG-CDF, hazina ya maendeleo ya eneo bunge lenu, mtembee mradi kwa mradi mkiwa nayo mkononi. Mahakama Kuu iliiona sheria ya hazina hiyo kuwa kinyume cha Katiba mnamo Septemba 2024, lakini pesa zilizokwisha kutumika bado zina hesabu. Mkinyimwa taarifa, ombeni kwa maandishi chini ya Sheria ya Kupata Habari ya mwaka 2016. Ofisi ina siku 21 za kujibu, na ikinyamaza mnakwenda kwa Tume ya Haki ya Utawala.

Mkikuta wizi, pelekeni nyaraka kwa tume ya kupambana na ufisadi, EACC. Nyaraka, si uvumi wa stejini.

Mswada ukiletwa, andikeni maoni kwa Karani wa Bunge kabla ya siku ya mwisho. Kifungu cha 118 kinalilazimu Bunge kuwashirikisha. Kifungu cha 119 kinampa kila mtu haki ya kulipelekea Bunge ombi kuhusu jambo lolote lililo katika mamlaka yake, likiwemo la kutunga, kurekebisha au kufuta sheria. Basi ombi la kwanza liwe hilihili: itungweni sheria ya kumwondoa mbunge, yenye sababu zinazoeleweka na vizingiti vinavyofikika. Wanaotakiwa kuitunga ndio itakaowagusa, kwa hiyo hawataharakisha bila kusukumwa. Saini zenu zina kazi hapo, na hapo zitapokelewa.

Kwa taka, maji na hospitali, nendeni kwa mwakilishi wadi na kwenye vikao vya bajeti ya kaunti.

Angalieni kama mmeandikishwa chama msichokijua, na mjitoe. Kisha amueni chama mtakacho, maana sehemu hii mchujo mara nyingi huwa na uzito kuliko uchaguzi wenyewe, na asiye mwanachama huenda akafungiwa nje. Lakini kumbukeni Thika Town mwaka 2017: hata tiketi ya chama kikubwa haikumaliza mambo.

La mwisho ni la Ruiru zaidi. Sensa ya mwaka 2019 ilihesabu watu zaidi ya 490,000 mjini Ruiru, karibu mara mbili ya Thika. Wengi wao ni wapangaji ambao kura zao ziko walikozaliwa, kaunti nyingine kabisa. Wanalala Mwihoko, watoto wao wanasoma Kiuu, wanapanda matatu Kahawa Wendani, halafu Agosti wanasafiri kwenda kumchagua mbunge wa mahali wasipoishi. Hao ndio mara nyingi wanaonijia na fomu za kumrudisha mbunge wa Ruiru, na saini zao zisingehesabiwa hata chini ya sheria iliyokufa, kwa kuwa si wapiga kura wa hapa. Hameni. IEBC huhamisha kituo cha kupigia kura bila malipo, na kazi hiyo husimamishwa uchaguzi unapokaribia. Anayehamisha kura yake kuja Ruiru leo amempa mbunge wa Ruiru sababu ya kumsikiliza. Mwenye fomu ya saini 30,000 bado hajampa yoyote.